Akidi Imetimia, Mengineyo Hayafikiwi

Mpendwa Shangazi Noela,

Shikamoo. Naomba msaada wako kabla sijafanya jambo la kijinga, na nakuandikia nikiwa nimejifungia stoo ya vitambaa, nimekalia robota la kaki za kaptula, na mlango nimeuzuia kwa mguu kwa sababu kitasa chake ni kibovu, na kitasa hicho utakisikia tena huko mbele. Majina yote nimeyabadilisha pamoja na langu, kwa hiyo niite Brightson.

Mie ni msimamizi wa karakana ya kushona sare za shule hapa Temeke, tuna cherehani kumi na mbili na mafundi kumi na mmoja, na mwenye mali ambaye ndiye meneja ni mama mmoja mzaliwa wa hapa hapa mjini, tumwite Bi Mwanakombo, aliyetunza mafaili masijala ya ofisi moja kwa miaka thelathini na moja, akastaafu, akafungua karakana, na nakuapia Shangazi sina ugomvi naye, hajawahi kunipandishia sauti, na mke wangu Loveness alipojifungua alikuja mwenyewe na supu ya kuku na doti ya kanga, akamwogesha mtoto, akaona pindo la shuka letu limefumuka, akalishona pale pale kabla hajaaga. Ndivyo alivyo, jicho lake haliwezi kupita juu ya kitu kilichofumuka likanyamaza. Hata gazeti lenu hulisoma kila Jumamosi na penseli mkononi, akikuta kosa analizungushia duara.

Sasa tatizo ni kikao. Kila Jumatatu saa nane mchana tunakutana mie na yeye, wawili tu, na mtu wa nje angedhani ni maongezi ya bosi na msaidizi wake, lakini kwa Bi Mwanakombo hicho ni kikao halali, yeye mwenyekiti mie katibu, na kinaanza kwa yeye kuvaa miwani na kuniuliza kama akidi imetimia, nami naangaza chumba kizima, kiti changu na chake, najibu, "Imetimia, Mwenyekiti." Siku niliyoumwa jino nikaenda hospitali aliandika kwamba kikao kimeahirishwa kwa kukosa akidi, na wiki iliyofuata jino langu lilisomwa kwenye kipengele cha waliotoa udhuru.

Baada ya kufungua tunathibitisha muhtasari wa wiki iliyopita, ambao ameshaupitia kwa kalamu nyekundu mkato kwa mkato, kisha tunaingia kwenye Yatokanayo, na hapo ndipo ninapozikwa hai. Kifungo cha nne cha shati la mfano. Uzi wa bluu ambao si bluu ile ya sketi. Nani aliuhamisha mkasi mkubwa. Kitasa cha stoo, ambacho kiko kwenye Yatokanayo tangu Oktoba na kila wiki kinaandikwa kwamba kinashughulikiwa. Mwisho kabisa ndipo yapo Mengineyo, na jambo langu mie limekaa huko, lakini tukikaribia tu, adhana ya alasiri inalia msikiti wa jirani, Bi anafunika kalamu, anafunga faili, anakwenda kuswali, na hakuna mtu aliyelelewa vizuri atakayemwambia mama wa watu subiri kwanza nina mengineyo.

Nina rafiki yangu Fredrick anafanya kazi ofisi moja Msasani, kwao bosi na mtu wake wakikaa wawili wanaongea mikakati, wanaulizana miaka mitano ijayo watakuwa wapi, na mie nikimsikiliza roho inaniuma kwa sababu mie naulizwa kifungo cha nne kiko wapi.

Jambo lenyewe ni hili. Sare za shule zina msimu, na msimu ukiisha mwezi huu wa Februari cherehani zinafunikwa mashuka, mafundi wanaambiwa mtaitwa, wanakwenda majumbani, na tukiwaita tena nusu yao hawarudi, basi tunaanza kuwafundisha wapya kutia kola upya kila mwaka, na mie nimekaa nikafikiri, nikaandika kurasa tatu jinsi ya kushona mwaka mzima, ovaroli za gereji, aproni za mama lishe, sare za kwaya, na kwaya yenyewe ipo tayari, iko Mwananyamala, kiongozi wao anaitwa Clara, wanataka sare arobaini na mbili kabla ya Pasaka na wanasubiri jibu letu mwisho wa mwezi huu. Kurasa zangu tatu ziko kwenye begi tangu Novemba, zimeshapata doa la embe.

Na hapa sasa ndipo ninapoona aibu, Shangazi. Novemba hiyo hiyo niliwaeleza mafundi mpango wangu, wakafurahi, na fundi wetu mkubwa Yuliana, mama wa watoto watatu, akawa kila Jumatatu nikitoka kikaoni anatoa pini mdomoni na kuniuliza jambo limefikia wapi, nami nikamwambia lipo mezani, wakati lipo begini. Wiki iliyofuata nikasema Bi ameomba muda alisome. Wiki nyingine nikasema ametabasamu. Mwezi wa kwanza nikajikuta nimesema anaelekea kukubali, na sijui hayo maneno yalitoka wapi, na Jumatatu iliyopita Yuliana akaniambia kwa furaha, "Yule tajiri wa Mbagala aliyekuwa ananitaka nikamshonee, nimeshamwambia siendi. Mie na wewe, Katibu." Tangu siku hiyo silali vizuri, na chakula cha Loveness nakiona kama mchanga.

Usidhani sijajaribu. Nilisogeza saa ya ukutani mbele robo saa ili kikao kianze mapema, Bi akaitazama, akatazama ya mkononi, akanitazama mie, na Jumatatu iliyofuata tukawa na kipengele kipya cha saa ya ukutani kwenda mbele, ambacho kilichukua robo saa. Nikaleta vitumbua ili kulainisha mambo, mafuta yakadondokea faili, na mafuta kwenye faili yako kwenye Yatokanayo mpaka leo. Jumatatu moja ya Januari, kwa bahati, Yatokanayo yaliisha mapema, zikabaki kama dakika ishirini, Bi akavua miwani akaniuliza, "Kuna jingine, Katibu?" na sijui nini kilinipata, nikamwambia kifuniko cha birika hakionekani. Tukaliongea birika mpaka adhana.

Sasa nishauri, nimwandikie barua isiyo na jina? Niende kwake Jumapili na Loveness tukampigie magoti? Au niache kazi nitafute bosi wa mikakati kama wa Fredrick? Nimekuambatanishia mihtasari minne ya mwisho uone mateso yangu, nimeitoa kopi haraka haraka kwenye faili lake alipokuwa anaswali, hata sikuisoma maana naijua kwa moyo.

Ni mimi,
Katibu wa Kikao cha Wawili, Temeke

*

Marahaba, Katibu.

Kwanza nikupe pole ya jino. Pili nikwambie ukweli mapema ili usije ukasema nilikuvizia: majina umebadilisha, lakini umeacha birika, umeacha vitumbua, umeacha saa ya ukutani, na Bi wako hulisoma gazeti hili kila Jumamosi na penseli mkononi. Leo ni Jumamosi. Akifika ukurasa huu atajijua kabla hajamaliza chai, kwa hiyo habari ya barua isiyo na jina tuiache, umeshaiandika tayari na umeileta kwangu.

Nimeisoma mihtasari yako yote minne. Wewe umesema unaijua kwa moyo. Huijui, mwanangu. Mimi niliisoma na karatasi pembeni nikawa napiga mistari, na nakuhesabia. Katika vikao hivyo vinne yameingia mambo madogo mapya kumi na tisa. Matano ameyaleta mwenyekiti. Kumi na manne yanaanza na maneno haya: "Katibu alikiarifu kikao." Katibu alikiarifu kikao kuwa ufagio umekatika mpini. Katibu alikiarifu kikao kuwa paka ameonekana stoo. Paka, Brightson! Ulikuja hapa kunililia kwamba mama anakuzika kwenye mambo madogo, kumbe koleo unashika wewe.

Na lile la dakika ishirini ndilo limenichosha kabisa. Umengoja miezi mitatu upewe nafasi, umepewa, mama kavua miwani, kauliza kwa mdomo wake, nawe ukakimbilia kwenye birika. Hapo hapakuwa na adhana ya kusingizia. Hapo palikuwa na woga, na usione haya kuuita kwa jina lake. Umeogopa kuambiwa hapana. Jambo likikaa begini halijakataliwa na mtu, unaweza kulibeba, kulifuta doa la embe, na kujiona mtu mwenye mpango. Naujua woga huo, umenikalisha mimi mwenyewe kwenye dawati moja miaka sita, na sitaki ukukalishe wewe.

Ila woga wako umeanza kula riziki ya mtu mwingine, na hapo ndipo huruma yangu inapoishia. Yuliana ana watoto watatu na amekataa kazi kwa ajili ya tabasamu ambalo halikuwahi kutokea. Kwa hiyo jambo la kwanza halihusu Bi wala kikao. Ukimaliza kusoma hapa, nenda nyumbani kwa Yuliana. Leo, usingoje Jumatatu. Mwambie hivi, bila kuzungusha: jambo halijawahi kufika mezani, nilikudanganya, mpigie yule wa Mbagala kama bado anakuhitaji. Atakasirika. Akikutukana, pokea, na usimwombe akutunzie siri. Mafundi wengine kumi nao waambie Jumatatu asubuhi kabla cherehani hazijaanza kulia, kwa sababu wakisikia kwa Yuliana watakuwa wamesikia nusu.

Sasa tuje kwa mwenyekiti wako. Unamwonea wivu Fredrick, na mimi nakwambia bosi wa Fredrick angekukuta na kurasa zako tatu angekwambia wazo zuri, akazisahau kwenye gari. Mwanamke aliyekaa masijala miaka thelathini na moja ni kitu kingine. Kwake kilichoandikwa kipo, na kisichoandikwa hakipo, na kilichoandikwa kikiwa hakijaisha hapati usingizi. Kitasa tu, kitasa kisicho na faida kwa mtu, amekifuatilia tangu Oktoba bila kuchoka. Je, hujawahi kujiuliza angefuatiliaje ajira ya mafundi kumi na mmoja kama ingekuwa imeandikwa mahali?

Na mwandishi ni nani? Hapo ndipo nilipocheka mpaka chai ikanipalia. Katibu ndiye anayeandaa ajenda. Katibu ndiye anayeandika muhtasari. Kalamu ya karakana nzima iko mkononi mwako, nawe unahangaika na mishale ya saa. Kesho Jumapili, badala ya kwenda kupiga magoti, kaa mezani uandike ajenda ya kesho kutwa. Usiweke jambo lako kwenye Mengineyo, kule ni kwa paka. Liweke la tatu, mara tu baada ya kuthibitisha muhtasari, na ulipe jina ambalo mama huyu ataweza kulishika: Kazi za mafundi kuanzia Machi. Usiandike mkakati, usiandike dira wala maono. Andika kazi, mafundi, Machi. Mpelekee ajenda hiyo Jumatatu asubuhi pamoja na kurasa tatu, zikiwa zimenakiliwa upya bila embe, ili azipitie kwa kalamu yake nyekundu kabla ya saa nane. Akizirudisha zimejaa wino mwekundu, furahi, maana hakuna anayesahihisha kitu alichokusudia kukitupa.

Kikaoni usiende na maneno matupu. Nenda na gauni moja la kwaya lililoshonwa, na mwombe alikague. Na ole wako utie kosa la makusudi ili apate cha kurekebisha, najua akili yako inavyokwenda baada ya ile saa. Atakujua. Lishone vizuri kadiri ya uwezo wako, atalipata tu la kwake. Wakati anageuza pindo, mwambie jambo ambalo naona hujawahi kumwambia hata siku moja: kwaya nyingi zinasimama mbele ya watu rangi tatu tofauti kwa sababu fundi wao hakujua kwamba bluu hii si bluu ile, na hapa Temeke kuna mama mmoja anayejua. Jicho hilo linalokukera kila Jumatatu ndilo bidhaa unayotaka kuwauzia watu wa Clara. Usilikimbie, lipeleke sokoni.

Akikubali, andika azimio pale pale, nani anafanya nini na mwisho lini, umsomee. Kuanzia hapo jambo lako limeingia kwenye Yatokanayo, na wewe unajua kuliko mimi kwamba kwa mama huyo kilichoingia kule hakitoki mpaka kiishe. Atakuuliza habari za kwaya kila wiki mpaka umwonee huruma Clara. Akikataa, andika pia amekataa na kwa nini, na jioni hiyo hiyo waeleze mafundi. Jibu baya wanaweza kulifanyia kazi, wakaenda Mbagala, wakaenda kokote. Tabasamu la kutunga halivalishi mtoto.

Mambo madogo yanunulie daftari, ulitundike kwa kamba mlangoni pa karakana. Ufagio, paka, uzi, vyote humo, naye Bi asubuhi akipita atasoma na kutia saini, maana kumnyima vitu vidogo ni kumnyima pumzi, nami sitaki umnyime. Kikao kibaki na yale ambayo nyinyi wawili mkiyanyamazia hakuna mwingine wa kuyasema. Na kitasa, kwa jina la Mungu, nunua skrubu mbili ukifunge leo. Wewe ni mwanaume mzima unazuia mlango kwa mguu. Saa ya ukutani nayo irudishe kwenye dakika zake.

Nimalize na jambo moja, ndilo lililonifanya niichague barua yako kati ya zote za wiki hii.

Umesema kopi ulizitoa haraka, hukuzisoma. Zitoe nyingine uzisogeze dirishani. Mwisho wa kila muhtasari umeandika wewe mwenyewe, kwa mkono wako, vikao vyote vinne: "Hakukuwa na mengineyo." Chini yake kuna saini yake na yako. Wewe umezoea kutafuta wino mwekundu tu, kwa hiyo hukuona kwamba pembeni ya sentensi hiyo kuna neno limeandikwa kwa penseli, dogo, herufi za mtu wa masijala. Kikao cha kwanza: "Kweli?" Cha pili: "Kweli?" Cha tatu vile vile. Cha nne amelipigia mstari.

Mama amekuuliza mara nne, Katibu. Jumatatu saa nane, akidi ikitimia, mjibu.

Shangazi Noela